Msamaha wa Mfalme na Mahakama ya Wafu: Swali la Kimaadili katika Filamu Corneille-Brecht

Utangulizi

Kumuenzi mwandishi wa kale ni jambo linalofanywa aghalabu pasi na kufikiriwa. Barabara hupewa jina lake, sanamu yake husimamishwa penye njia panda, wanafunzi hutahiniwa juu ya kazi zake, na karne ya kuzaliwa au kufa kwake inapotimia wakubwa hukutana kutoa hotuba. Katika hayo yote mwandishi husifiwa, lakini haulizwi neno. Makala haya yananuia kuchunguza namna nyingine ya kuenzi, ambayo haimsifu mwandishi bali inaifungua upya kesi ambayo yeye mwenyewe aliifunga. Namna hiyo tunaikuta katika filamu fupi ya Jean-Marie Straub, Corneille-Brecht, iliyotolewa mwaka wa 2009 na ambayo muda wake haufiki nusu saa.

Swali linaloibuliwa na filamu hii ni la kimaadili kabla ya kuwa la kisanaa. Je, mtu aliyeitendea nchi yake jambo kubwa aweza kusamehewa damu aliyoimwaga kwa sababu nchi ingali inamhitaji? Na ikiwa aweza, ni nani mwenye haki ya kumsamehe? Pierre Corneille alilijibu swali hilo mwaka wa 1640 katika tanzia yake Horace, na jibu lake ni la mfalme. Bertolt Brecht alilijibu yapata miaka mia tatu baadaye, na jibu lake ni la wafu. Straub ameyaweka majibu hayo mawili katika kinywa cha mwanamke mmoja. Dai letu ni kwamba msamaha unaotolewa kwa ajili ya manufaa si msamaha bali ni ununuzi, na kwamba filamu hii inalidhihirisha hilo kwa kumrejesha mahakamani mtu ambaye hesabu ya manufaa humwacha nje siku zote: yule anayemlilia marehemu mmoja kwa jina lake.

Filamu na mtunzi wake

Filamu hii ina mwigizaji mmoja tu, Cornelia Geiser, na mandhari yake ni ndani ya nyumba mjini Paris. Kwanza Geiser anaghani mishororo ya Horace. Kisha mishororo ya tamthilia nyingine ya Corneille, Othon, ya mwaka wa 1664. Hatimaye anasoma kwa Kijerumani sehemu ndefu za mchezo wa redio wa Brecht uitwao Das Verhör des Lukullus, yaani kuhojiwa kwa Lucullus. Hamna mavazi ya Kirumi, hamna nguzo za mawe wala majeshi. Mtazamaji aliyezoea sinema za kihistoria zenye farasi na mapanga yamkini atadhani amepunjwa. Aliloachiwa ni mtu, chumba na maneno.

Jina kamili la filamu linaongeza, baada ya majina ya waandishi hao wawili, maneno ambayo Camille, dada yake Horace, anaanzia laana yake dhidi ya Roma. Hivyo kabla ya neno lolote kutamkwa mtazamaji amekwisha kuonyeshwa pa kusimama. Hatasimama upande wa shujaa, bali upande wa dada yake.

Uteuzi huo haukutokea kwa nasibu. Straub alizaliwa Metz mwaka wa 1933, katika jimbo ambalo Ufaransa na Ujerumani zimelipokezana kwa vita, na alikuwa mtoto wa miaka saba Wajerumani walipouteka mji huo mwaka wa 1940. Mwaka wa 1958 aliihama Ufaransa, akikataa kutiwa jeshini na kupelekwa kupigana nchini Algeria. Kwa hiyo swali la deni la raia kwa nchi yake halikuwa kwake zoezi la darasani. Kwa zaidi ya miaka 40 alitunga filamu pamoja na mkewe, Danièle Huillet, aliyefariki mwaka wa 2006. Corneille-Brecht ni miongoni mwa kazi alizozitunga baada ya kufiwa naye. Straub mwenyewe alifariki mwaka wa 2022.

Wawili hao walikuwa wamekwisha kumwendea Corneille zamani. Mwishoni mwa miaka ya sitini waliipiga filamu Othon juu ya kilima cha Palatino, Roma, waigizaji wakiwa wamevaa mavazi ya kale huku magari ya mji wa leo yakinguruma chini yao. Wengi wa waigizaji hao Kifaransa hakikuwa lugha yao ya kwanza. Filamu hiyo ilitunukiwa watu wengi waliozaliwa ndani ya Kifaransa lakini ambao hawakupata kamwe fursa ya kuijua kazi ya Corneille. Katika tunukio hilo mna dhana nzima ya kuenzi ambayo makala haya yanaitetea. Kwa Straub na Huillet, mwandishi bora ni mali waliyodhulumiwa wenyewe, na kumuenzi ni kuwarudishia.

Inafaa kugusia pia suala la arudhi, maana ndilo linalomfanya mtazamaji asikilize. Mshororo wa Corneille una mizani 12, na kituo chake cha kati huangukia baada ya mizani ya sita. Msomaji wa ushairi wa Kiswahili, aliyezoea kuukata mshororo wa mizani 16 kuwa ukwapi na utao, hatashangaa kuona kwamba maana yaweza kubebwa na pumzi iliyo kati ya vipande viwili. Straub huwataka waigizaji wake wauheshimu umbo la mshororo badala ya kuufanya ulingane na maongezi ya kawaida. Matokeo yake ni kwamba laana ya Camille haisikiki kama kelele za mwanamke aliyepandwa na hasira. Inasikika kama hoja iliyopangwa, ambayo mtu aweza kuipima na kuijibu.

Kesi ya Horace

Kisa chenyewe ni cha kale. Roma na Alba, miji miwili yenye udugu, zimeingia vitani. Ili kuepusha maangamizi makubwa, inakubaliwa kwamba ndugu watatu wapigane kwa niaba ya kila upande: kina Horace kwa Roma, kina Curiace kwa Alba. Hata hivyo, nyumba hizo mbili zimeoana na kuposana. Sabine, mke wa Horace, ni dada wa kina Curiace. Camille, dada yake Horace, amechumbiwa na Curiace. Ndugu wawili wa Horace wanauawa. Yeye aliyebaki anajifanya kukimbia, anawatenganisha adui zake waliojeruhiwa, na anawaua mmoja baada ya mwingine. Anaporudi na ushindi, Camille anakataa kuushangilia. Anamlilia mchumba wake na kuilaani Roma. Horace anamwua. Kitendo cha tano chote ni kesi: Valère anamshtaki Horace mbele ya Mfalme Tulle, baba mzee anamtetea mwanawe, na mfalme anatoa uamuzi.

Corneille alikitoa kisa hiki kwa mwanahistoria wa Kirumi Titus Livius, lakini alikibadilisha mahali pawili ambapo kwetu ni muhimu sana. Kwa Livius, dada huyo anazifungua nywele zake na kumwita marehemu kwa jina, basi. Ni Corneille aliyempa laana. Alimpa mwanamke huyo, ambaye historia ilimwachia kilio tu, hotuba kali kuliko zote za tamthilia nzima. Badiliko la pili linakwenda kinyume. Kwa Livius, mfalme anakwepa kutoa hukumu mwenyewe na kuteua mahakimu wawili. Mahakimu wanamtia Horatius hatiani. Naye anakata rufaa kwa umma wa Roma, ambao unamwachilia zaidi kwa kuustaajabia ushujaa wake kuliko kwa haki ya kesi yake. Kwa Corneille umma umeondolewa. Aliyesalia ni mfalme peke yake.

Tukizingatia wakati wa utunzi, badiliko hilo halitatushangaza. Mwaka wa 1640 Ufaransa ilikuwa vitani na Hispania tangu 1635. Malkia Anne, mke wa Louis XIII, alikuwa dada wa mfalme wa Hispania, na mke wa mfalme huyo wa Hispania alikuwa dada wa Louis. Nyumba za Horace na Curiace zilikuwa zimekaa katika viti vya enzi vya Ulaya. Corneille mwenyewe alikuwa ametoka katika mabishano makali juu ya Le Cid mwaka wa 1637, ambapo Akademia iliyoanzishwa na Kadinali Richelieu ilitakiwa kuitolea kazi yake uamuzi. Horace aliitunukia kwa Richelieu. Mtu aliyehukumiwa na chombo cha dola alirudi jukwaani na tamthilia ambayo ndani yake dola ndiyo inayosamehe.

Hata hivyo, tusimwonee Corneille kwa kumfanya kasuku wa kadinali. Mhakiki wa wakati wake, d'Aubignac, alipendekeza kwamba Camille angejirusha mwenyewe juu ya upanga wa kaka yake, ili afe bila ya kaka huyo kuwa mwuaji. Hilo lingeondoa aibu, na kwa kweli lingeiondoa kesi yote. Corneille alikataa. Katika maelezo aliyoyaandika mwaka wa 1660 alikiri kasoro kadhaa za tanzia hiyo, ikiwemo ile ya shujaa kutumbukia katika hatari ya pili baada ya kuokoka ya kwanza, lakini damu ya Camille hakuifuta mikononi mwa Horace. Aliiacha ionekane, kisha akamwachia mfalme aamue la kufanya.

Msamaha au ununuzi?

Uamuzi wa Tulle hauna hila. Hakani kwamba kosa limetendeka, wala hasemi kwamba Camille alistahili kufa. Anakiri kwamba kosa ni kubwa, tena ni la kuchukiza. Hoja yake ni kwamba mkono uliolitenda kosa hilo ndio uliomfanya yeye kuwa mtawala wa miji miwili. Kwamba mtu wa namna hii ni nguzo ya kiti cha enzi, na kwa hiyo yuko juu ya sheria. Horace anaamriwa aishi ili aendelee kuitumikia dola. Camille anapewa kaburi moja na mchumba wake.

Hoja hii ina nguvu, na mhakiki asiyeipa nguvu yake hatakuwa ameijibu. Bila ya Horace, Roma ingekuwa chini ya Alba, na mahakama inayomshtaki isingekuwapo. Sheria inahitaji mji wa kuitunza, na mji unahitaji watu wa kuulinda. Kumwua mlinzi kwa jina la sheria ni kama kuikata nguzo ili kuitengeneza nyumba. Aidha, mfalme hajidanganyi. Pengine kuna uadilifu katika mtawala anayesema wazi kwamba anamwachilia mkosaji kwa sababu anamhitaji, kuliko yule anayebuni ushahidi ili kumtakasa.

Ila lazima tuuite uamuzi huo kwa jina lake. Kusamehe ni kuliachilia deni unalomdai mtu. Tulle halidai deni hilo. Aliyetendewa ni Camille, naye amenyamazishwa kwa kitendo kile kile kinachosamehewa. Mfalme anaisamehe damu isiyokuwa yake, na anaisamehe kwa bei: ushindi uliopita na utumishi ujao. Immanuel Kant, katika kitabu chake cha mwaka wa 1785 juu ya misingi ya maadili, alitofautisha kitu chenye bei, ambacho chaweza kubadilishwa kwa kingine cha thamani sawa, na kiumbe mwenye utu, ambaye hana cha kulingana naye. Kwa mizani hiyo, Tulle hakusamehe kitu. Alimpa Camille bei, akaona kwamba Alba ina thamani zaidi, akafunga daftari. Horace naye hakuachwa huru, kwa kuwa anayeachiwa uhai ili atumike amenunuliwa pia.

Kuna jambo jingine. Hakimu wa kesi hii ndiye aliyefaidika na mshtakiwa kuliko mtu yeyote. Waswahili husema kesi ya nyani haipelekwi kwa ngedere. Tulle anapopima manufaa ya Horace anapima manufaa yake mwenyewe, naye hana njia ya kujitoa katika mizani hiyo hata angekuwa mwadilifu namna gani.

Straub hakuiingiza hukumu hiyo ya mfalme katika filamu yake. Baada ya laana ya Camille anatuingiza moja kwa moja katika Othon, na kuruka huko kuna maana. Tamthilia hiyo, ambayo Corneille aliitoa kwa Tacitus, inahusu Roma ya mwaka wa 69, ambapo makaisari wanne walifuatana katika mwaka mmoja. Galba ni mzee na anatafuta mrithi. Wapambe watatu wamegawana mamlaka yake. Othon anampenda Plautine lakini anashauriwa amchumbie mpwa wa kaisari, ambaye naye jina lake ni Camille, ili apate kiti. Mapenzi, ndoa na uaminifu vimekuwa vitu vya kupangiwa bei. Camille wa kwanza aliiombea Roma ijiangamize kwa mikono ya watoto wake. Katika Othon laana hiyo imekwisha kuanza kutimia. Mji ambao dada aliuawa kwa ajili yake umezoea hesabu ya Tulle hata hauoni tena kwamba ni hesabu.

Mashahidi wa Lucullus

Brecht aliuandika mchezo wake mwaka wa 1939, akiwa mkimbizi nchini Sweden. Ulitangazwa na kituo cha redio cha Uswisi tarehe 12 Mei 1940, siku mbili baada ya majeshi ya Hitler kuanza mashambulizi yao upande wa magharibi. Jemadari Lucullus, aliyeziteka nchi za Asia na kuuleta mti wa mcheri Ulaya, amekufa na kuzikwa kwa fahari. Kuzimu anakuta kwamba lazima ahojiwe kabla ya kupokelewa. Baraza la wazee wake ni watu wadogo: mkulima, mtumwa aliyekuwa mwalimu, mama mchuuzi wa samaki, mwokaji mikate na kahaba. Lucullus anaomba watu mashuhuri wamtolee ushahidi, lakini huko hawapatikani. Basi anaomba ukanda wa mawe ya nakshi uliotengenezwa kuusifu ushindi wake uletwe. Unaletwa, na watu waliochongwa humo wanaitwa waseme: mfalme aliyeshindwa, malkia, wasichana waliobeba kibao chenye majina ya miji 53 iliyoteketezwa. Jiwe lililochongwa kuwa sifa linageuka kuwa hati ya mashtaka.

Hapo ndipo tunapoona jinsi Brecht anavyokutana na Corneille. Umma ambao Corneille aliuondoa katika kisa cha Livius umerudi, nao umekalia kiti cha hakimu. Lakini je, kurudi kwa umma kunatosha? Umma wa Livius ulimwachilia mwuaji kwa kuvutiwa na ushujaa. Msomaji wa Kiswahili anaifahamu pia Roma ya Juliasi Kaizari, tafsiri ya Julius Nyerere iliyotoka mwaka wa 1963, ambamo umati unamwua mshairi Cinna kwa sababu tu jina lake linafanana na la mmoja wa waliokula njama. Umati waweza kuwa na upofu sawa na wa mfalme, tena bila ya ukweli wa mfalme.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Baraza la Lucullus nalo linahesabu. Kwa upande mmoja kuna miji 53 na wanajeshi 80,000 waliopotea. Kwa upande wa pili kuna mcheri mmoja, na mpishi anayemshukuru jemadari kwa kuuthamini ufundi wake. Je, hii si mizani ile ile ya Tulle iliyoinamia upande mwingine? Kama mcheri hautoshi, je, ingetosha mito, barabara na shule? Akipatikana jemadari aliyeua wachache na kuleta miti mingi, ataachiliwa? Anayemhukumu Lucullus kwa wingi wa waliokufa amekubali tayari kwamba kuna idadi ambayo ingeweza kulipiwa.

Brecht mwenyewe alijua jinsi mizani hii inavyogombaniwa. Katika mchezo wa redio wa awali mahakama ilijitenga kushauriana, na msikilizaji hakutangaziwa hukumu. Paul Dessau alipoufanya kuwa opera mjini Berlin mwaka wa 1951, wakuu wa dola mpya ya Ujerumani Mashariki hawakuridhika. Mabadiliko yakafanywa: hukumu ikawekwa bayana, mfalme aliyeilinda nchi yake akapewa heshima ili vita vya kujihami vitengwe na vita vya uvamizi, na hata jina likabadilika, kutoka kuhojiwa hadi kuhukumiwa. Hata kuzimu, dola ilitaka kuwa na neno la mwisho.

Jibu la mapingamizi hayo, kwa maoni yetu, halimo katika jumla ya hesabu. Limo katika sehemu moja ambayo haihesabiki. Mama mchuuzi wa samaki anaeleza jinsi mwanawe, Faber, alivyopelekwa vitani Asia asirudi. Alipokufa yeye mwenyewe na kufika kuzimu, alikwenda mahali walipo wafu wa vita akaita jina la mwanawe. Akaambiwa kwamba kina Faber ni wengi mno, na kwamba huko majina yamesahauliwa. Yalikuwa ya kazi ya jeshi tu. Wala wana hao hawataki tena kukutana na mama zao, waliowaachilia waende vitani. Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Na uchungu wa mama huyu una jambo la ziada, kwani naye hajitoi hatiani.

Mama huyu hasemi kwamba Faber ana thamani kuliko mcheri. Hapimi. Anaita. Ni kitendo kile kile cha dada wa Horatius kwa Livius, kabla ya Corneille kumpa laana: kufungua nywele na kumwita marehemu kwa jina. Mfalme anapohesabu ana miji. Jemadari ana majeshi. Hata hakimu mwema ana idadi. Mwenye msiba ana mtu mmoja. Mtu huyo hawezi kuwekwa katika mizani, kwa kuwa akishawekwa si yeye tena, bali ni kitengo cha kuhesabia. Ndiyo sababu kilio cha Camille kilikuwa hatari kwa Roma kuliko mapanga ya Alba. Alba ilitaka kuushinda mji. Camille aliikataa hesabu ambayo mji ulisimama juu yake.

Je, laana yake ilikuwa uhaini? Horace aliona hivyo, na wahakiki wengi wamemwona Camille kuwa mwanamke aliyezidiwa na mapenzi dhidi ya wajibu. Sisi tunaona kwamba alikuwa akidai jambo ambalo mji wowote ulio hai lazima uliruhusu: haki ya mmoja wa watu wake kuomboleza siku ya sherehe. Mji usioweza kustahimili kilio hicho umekiri kwamba ushindi wake una kasoro.

Sauti moja

Sasa twaweza kueleza kwa nini filamu hii ina mwigizaji mmoja tu. Kinywa kilichomlaani Horace ndicho kinachomsemea Lucullus anapojitetea. Ndicho kinachouliza kwa niaba ya hakimu na kumlilia Faber. Katika ukumbi wa kawaida wa maonyesho tungempenda mmoja na kumchukia mwingine, tukaenda nyumbani tukijiona waadilifu. Hapa njia hiyo imezibwa. Mshtaki, mshtakiwa na shahidi wanakaa katika pumzi moja, kama wanavyokaa katika kila mmoja wetu anayekula matunda ya mcheri bila ya kuuliza uliletwaje. Umati hauwezi kujificha ndani ya sauti moja. Katika hali hiyo pingamizi la umma kipofu linapata jibu lake: baraza la Brecht ni tofauti na umati kwa sababu kila mmoja anasema alichokilipa yeye mwenyewe, na sauti ya Geiser inatulazimisha tuwasikilize mmoja mmoja.

Nao hao wawili, Corneille na Brecht, wanasimama wapi? Tumesema kwamba kuenzi kwa kweli ni kuifungua kesi. Basi Corneille naye yuko kizimbani. Aliuondoa umma katika kisa cha Livius, akampa mfalme haki isiyokuwa yake, akaitunukia kazi hiyo kwa waziri mwenye nguvu kuliko wote katika Ufaransa ya wakati wake. Hayo yameandikwa na hayafutiki. Lakini kabla ya kitendo cha tano alimpa Camille maneno ambayo hukumu ya mfalme haikuweza kuyajibu, na hayajajibiwa hadi leo. Tukijaribiwa kusema kwamba hotuba hiyo ndiyo mcheri wake, na kwamba kwa ajili yake tumsamehe mengine, tutakuwa tumeirudia hesabu ya Tulle. Straub haombi tumsamehe Corneille. Anayatoa maneno ya Camille mahali yalipokuwa yamezikwa, chini ya uamuzi wa mfalme, na kuyaweka mbele ya watu ambao yaliwahusu tangu mwanzo.

Hitimisho

Tumeona kwamba hoja ya Tulle, licha ya nguvu yake, inakosa masharti mawili ya msamaha: haitolewi na aliyetendewa, na inatolewa kwa bei. Tumeona pia kwamba kuibadilisha mizani kwa kuweka wafu wengi upande wa pili hakuiondoi kasoro ya mizani yenyewe. Kinachosalia ni wajibu mdogo lakini mgumu. Hatuwezi kuwasamehe wenye makosa kwa niaba ya wafu, na aghalabu hatuwezi hata kuwahukumu ipasavyo, kwani wengi wao wamekwisha kwenda. Twaweza, hata hivyo, kukataa kuifunga kesi kwa kuwa mshtakiwa alitufaa. Dola yoyote inaweza kulazimika siku moja kumwachilia mtu inayemhitaji. Wanasiasa watabishana juu ya hilo, na pengine hawataepukana nalo. Lakini isidai kwamba imesamehe. Haki hiyo ilikuwa ya Camille, na Camille amekufa.

Kwa mwanafunzi wa fasihi, funzo liko karibu zaidi. Kila silabasi ni ukanda wa mawe ya nakshi. Tunaposomesha kazi iliyotukuka tuna hiari ya kuisifu nakshi, na tuna hiari ya kuwaita watu waliochongwa humo waseme. Filamu hii ya dakika chache imechukua hiari ya pili, ndani ya chumba, kwa sauti ya mtu mmoja.